Kikosi cha mizinga: nani anaona, nani anakokotoa, nani anabeba

Mtu akitaja mizinga, swali la kwanza huwa la ukubwa: mtutu wa milimita ngapi, kombora linafika wapi. Ni maswali halali, lakini hayaelezi kwa nini jeshi lenye mizinga mingi huweza kushindwa na lenye michache. Mzinga wa kisasa hupiga shabaha ambayo askari anayeufyatua haioni, na pengine hataiona kamwe. Ili kombora lianguke panapotakiwa, lazima awepo wa kuiona shabaha, wa kuigeuza kuwa pembe na kipimo cha baruti, na wa kuleta makombora kwa tani kila siku. Historia ya vikosi hivi kwa kiasi kikubwa ni historia ya kazi hizo tatu, na ya askari waliokufa kila moja kati yake iliposahaulika.

Jinsi amri moja ya kupiga inavyotekelezwa

Kitengo cha msingi huitwa betri: kwa kawaida mizinga 4 hadi 8 inayopiga pamoja kwa amri moja. Betri kadhaa, mara nyingi tatu, hufanya kikosi. Chukua mzinga unaoonekana katika majeshi mengi ya Afrika, hawitza (mzinga unaorusha kombora kwa mkunjo wa juu) ya D-30 iliyobuniwa na Wasovieti. Mtutu wake ni wa milimita 122, uzito wake takriban kilo 3,200, na una miguu mitatu inayotandazwa ardhini ili uweze kugeuzwa pande zote bila kuhamishwa. Hurusha kombora la karibu kilo 22 hadi umbali wa zaidi ya kilomita 15.

Kilomita 15 ni mbali kuliko jicho la mlengaji linavyoweza kufika hata kwenye tambarare. Kwa hiyo mbele, pamoja na askari wa miguu, hukaa mwangalizi mwenye ramani, dira, darubini na redio. Akiona shabaha, hutuma ujumbe wenye mpangilio usiobadilika: yeye ni nani, shabaha iko wapi kwenye ramani, ni ya aina gani, na anataka ipigwe vipi. Mpangilio haubadiliki kwa sababu redio hukatika katikati ya maneno. Anayepokea akijua ni kipengele gani kinafuata, atajua pia kipi kimekosekana.

Ujumbe huenda kwenye kituo cha hesabu nyuma. Hapo nafasi ya mizinga na nafasi ya shabaha huwekwa kwenye ubao wa ramani, au siku hizi kwenye kompyuta, na hutoka namba chache: uelekeo, mwinuko wa mtutu, kiasi cha baruti, na mpangilio wa fyuzi, yaani kifaa kinacholilipua kombora. Pembe hazipimwi kwa nyuzi 360. Duara hugawanywa katika vipande 6,400 kwa majeshi ya NATO, au 6,000 kwa mfumo wa Kisovieti, na vipande hivyo huitwa mili. Sababu ni ya vitendo kabisa. Mili moja kwa umbali wa kilomita moja ni sawa na takriban mita moja ubavuni. Mwangalizi akiona kombora limeanguka mili 30 kushoto mwa shabaha iliyo kilomita 3 mbele yake, anajua papo hapo kwamba limekosea kwa mita 90, bila kalamu wala jedwali.

Kwenye mzinga wenyewe, mlengaji hamtazami adui. Hutazama vijiti viwili vilivyosimikwa ardhini umbali fulani kutoka kwenye mzinga, au alama nyingine isiyohama, kupitia darubini inayozunguka pande zote. Huweka namba ya uelekeo kwenye duara la darubini, kisha huugeuza mzinga mpaka darubini irudi kuelekea vijiti vilevile. Mwinuko huwekwa kwa namna hiyohiyo, kwa kipimo chenye kiputo cha hewa ndani ya kimiminika. Kiputo kikikaa katikati, pembe iko sawa.

Kombora la kwanza mara nyingi hukosa, na hakuna anayeshangaa. Mwangalizi huanza kuibana shabaha: likianguka karibu naye kuliko shabaha, anasema zidisha 400, la pili likivuka, anasema punguza 200, kisha zidisha 100. Kila hatua ni nusu ya iliyotangulia. Anapofika mahali marekebisho yaliyobaki ni mita 50, anaamuru betri nzima ipige kwa ufanisi, na hapo ndipo mizinga yote hufyatuka pamoja. Kasoro ya njia hii ni muda. Kila kombora la majaribio huwapa walio chini nafasi ya kujitupa handakini, na inajulikana tangu Vita vya Kwanza vya Dunia kwamba sekunde za mwanzo ndizo huua wengi zaidi, kabla watu hawajalala chini. Ndiyo maana wapiga mizinga wametumia zaidi ya karne moja kutafuta namna ya kupiga sawasawa bila majaribio.

Makosa hutokea kila penye namba. Mlengaji akisoma 2,300 badala ya 2,400, hiyo ni mili 100, na kwa umbali wa kilomita 8 kombora litaanguka takriban mita 800 kando, pengine juu ya askari wa upande wake. Baruti ya hawitza hufungwa katika vifurushi ili iongezwe au ipunguzwe kulingana na umbali, na mpakiaji akiacha kifurushi kimoja kilichopaswa kutolewa, kosa huwa kubwa zaidi ya hilo. Mwangalizi akisoma ramani vibaya katika kijiji chenye vilima vinavyofanana, hesabu zote nyuma yake zitakuwa sahihi na kombora litaenda kijiji kingine. Dawa pekee ni kurudiarudia: mlengaji huitamka namba aliyoisikia kabla ya kuiweka, mkuu wa mzinga huikagua, na hesabu hufanywa na watu wawili wasiotazamiana.

Kuna pia makosa ambayo hayana mwenyewe. Baruti iliyopoa huungua polepole na kombora huwa fupi. Mtutu uliokwisha kupiga maelfu ya makombora hulika ndani, gesi hupenya, na kasi hupungua. Kombora hukaa hewani kwa makumi ya sekunde na hupita juu kabisa, ambako upepo waweza kuvuma kinyume na ule wanaouhisi walio chini. Kwa hiyo kikosi kamili kina watu wa hali ya hewa wanaorusha puto, na watu wa upimaji wanaohakikisha kwamba mizinga iko pale ramani inaposema iko. Askari wa miguu wakiwaona wapima ardhi na puto zao huwachukulia kama watu wa pembeni. Ukweli ni kwamba bila wao betri hubahatisha.

Kabla mizinga haijawa kikosi

Kwa karne kadhaa za mwanzo mzinga ulikuwa mali ya fundi, haukuwa wa jeshi. Mwaka 1453, Sultani Mehmed wa Pili alipouzingira mji wa Constantinople, mzinga wake mkubwa kuliko yote uliundwa na Orban, fundi kutoka Hungaria aliyekuwa ameuza ujuzi wake kwa mwenye kulipa. Ulivutwa na makumi ya ng'ombe na kusindikizwa na mamia ya watu, na ulipiga takriban mara saba kwa siku, kwa sababu ulihitaji kupoa. Kwa ukuta usiohama, hiyo ilitosha. Kwa jeshi linalotembea, haikuwa na maana yoyote.

Wajenzi wa ngome walijibu haraka. Kuta ndefu na nyembamba zilibadilishwa na kuta fupi, nene, zenye pembe zinazochomoza ili kila ubavu ulindwe na mizinga ya pembe ya jirani. Mfano wa ujenzi huo upo Mombasa: Ngome ya Yesu, iliyojengwa na Wareno kati ya 1593 na 1596 kwa mchoro wa Mwitaliano Giovanni Battista Cairati. Waomani walipoizingira kuanzia 1696 hawakuwa na mizinga mizito ya kuibomoa. Mzingiro uliendelea hadi Desemba 1698, na walioimaliza ngome kwa hakika walikuwa njaa na maradhi. Ngome ilianguka pale walinzi walipobaki wachache mno.

Mabadiliko makubwa ya utawala yalikuja katika karne ya 18. Uingereza iliunda rejimenti yake ya kudumu ya mizinga mwaka 1716 ikiwa na kombania mbili tu. Ufaransa, kuanzia 1765, Jean-Baptiste de Gribeauval aliipunguza mizinga ya uwanjani kuwa ya aina tatu, ya tufe za ratili 4, 8 na 12, pamoja na hawitza, akafupisha mitutu, akaagiza magurudumu na ekseli vitengenezwe kwa vipimo vinavyofanana ili kipuri cha mzinga mmoja kiingie kwenye mwingine. Napoleon, ambaye alisomea mizinga tangu ujana, alirithi mfumo huo.

Jambo ambalo halitajwi sana, ingawa pengine lina uzito kuliko aina za mitutu, ni waendesha farasi. Kwa muda mrefu farasi na wenye kuwaendesha walikodiwa kwa wakandarasi raia. Mapambano yakianza, mkandarasi alikuwa na sababu nzuri za kuwarudisha farasi wake nyuma, na mzinga ulibaki ulipo hadi mwisho, uwe umefaa au haufai. Waingereza walianza kuwaandikisha waendeshaji kama askari mwaka 1794, Wafaransa mwaka 1800. Kuanzia hapo ndipo mizinga iliweza kusogezwa katikati ya mapigano kwa makusudi, kama Napoleon alivyofanya Wagram mwaka 1809 alipokusanya takriban mizinga 100 mahali pamoja ili kuziba pengo katika safu yake.

Mzinga unajificha

Hadi mwishoni mwa karne ya 19, wapiga mizinga walisimama uwanjani wakimwona adui naye akiwaona. Mambo mawili yaliuvunja utaratibu huo. La kwanza ni baruti isiyo na moshi, iliyotokana na kazi ya Paul Vieille wa Ufaransa mwaka 1884. Zamani betri ikipiga mara mbili ilifunikwa na wingu lake yenyewe. Sasa iliweza kupiga bila kujulikana ilipo. La pili ni bunduki ya risasi nyingi yenye masafa marefu, iliyomwezesha askari wa miguu kumuua mpiga mzinga kabla hajapanga vifaa.

Somo lilitolewa Colenso, Afrika Kusini, tarehe 15 Desemba 1899. Kanali Long wa Uingereza alizitanguliza betri zake mbili, mizinga 12, hadi mahali pa wazi karibu na Mto Tugela, mbele ya askari wake wa miguu. Upande wa pili Makaburu walikuwa wamejificha kwenye mahandaki. Wapiga mizinga waliangushwa mmoja baada ya mwingine, na mizinga 10 kati ya 12 ikatekwa. Hakuna hitilafu ya mtambo iliyohusika hapo. Mizinga ilikuwa mizuri, iliwekwa pasipowekwa.

Njia ya kupiga kutoka nyuma ya kilima ilikuwa tayari imeandikwa. Ofisa wa Kirusi Karl Guk aliieleza mwaka 1882, na katika vita vya Urusi na Japani vya 1904 na 1905 ilitumika kweli. Lakini majeshi ya Ulaya yaliichukia, kwa kuwa ilihitaji simu, ramani sahihi na uvumilivu, na makamanda waliona ni aibu mzinga kujificha. Wafaransa hasa waliupenda mzinga wao wa milimita 75 wa mwaka 1897, na walikuwa na sababu. Ulikuwa na mfumo wa mafuta na hewa iliyobanwa ulioruhusu mtutu kurudi nyuma peke yake na kujirejesha, wakati magurudumu yametulia. Kabla ya hapo mzinga uliruka nyuma kila ulipofyatuka, na ilibidi usukumwe na kulengwa upya. Wa milimita 75 ulipiga makombora 15 kwa dakika na zaidi. Kasoro yake ni kwamba ulipiga kwa njia iliyonyooka, na vita vilipoingia mahandakini mwishoni mwa 1914, kombora linaloenda hivyo halimfikii mtu aliye shimoni. Kilichohitajika kilikuwa hawitza nzito, ambazo Wajerumani walikuwa nazo nyingi zaidi.

Makombora milioni moja na nusu

Mto Somme, Ufaransa, 1916. Kwa siku saba kuanzia tarehe 24 Juni, takriban mizinga 1,500 ya Uingereza ilirusha zaidi ya makombora milioni 1.5 kwenye safu ya Wajerumani. Asubuhi ya tarehe 1 Julai askari wa miguu waliinuka na kutembea mbele. Kufikia usiku Waingereza walikuwa wamepoteza watu 57,470, kati yao zaidi ya 19,000 wakiwa wamekufa.

Sababu zinaweza kuorodheshwa, na zote ni za kiufundi. Idadi ilikuwa kubwa lakini eneo lilikuwa kubwa zaidi, hivyo kwa kila mita ya handaki makombora yalikuwa machache. Sehemu kubwa yalikuwa ya shraneli, yaani ganda lililojaa vidonge vya risasi, ambayo huua watu walio wazi lakini hayabomoi handaki lililochimbwa mita kadhaa chini. Mizinga mizito iliyoweza kufika huko ilikuwa michache. Viwanda vilivyopanuliwa kwa haraka vilitoa fyuzi mbovu, na makombora mengi hayakulipuka. Waya wa miba ulikatika mahali fulani na mahali pengine ukabaki, kwa sababu fyuzi za wakati huo zilichelewa kidogo: kombora lilijizika udongoni kwanza, likalipukia chini, na kurusha matope. Kisha mizinga ilihamia shabaha za nyuma wakati askari wa miguu bado wako mbali, na Wajerumani wakapata dakika za kutosha kupanda juu na bunduki zao za rashasha.

Kila kasoro katika orodha hiyo ilirekebishwa katika miaka miwili iliyofuata. Fyuzi mpya, namba 106, iliyosambazwa kwa wingi mwaka 1917, ililipuka papo kwa papo ilipogusa chochote, hata waya. Ukuta wa moto unaosogea ulikamilishwa: mizinga hupiga mstari mmoja mbele ya askari, na mstari huo husogea kwa ratiba, mathalani yadi 100 kila dakika 3, na askari huufuata kwa karibu sana kiasi kwamba baadhi yao hujeruhiwa na vipande vya makombora yao wenyewe. Makamanda walikubali hasara hiyo, kwa kuwa kukaa nyuma kuliua wengi zaidi.

Hapo kuna jambo ambalo wasomaji wengi hulikosa. Mara nyingi kazi ya mizinga huwa ni kumzima adui, kumweka chini asiweze kuinua kichwa kwa dakika kumi. Kumwangamiza aliyejichimbia huhitaji makombora mara nyingi zaidi ya hayo, na bado asilimia fulani hunusurika. Lakini kumzima hudumu muda uleule moto unaodumu. Moto ukisita dakika tano kabla askari hawajafika, kazi yote imepotea. Kwa hiyo saa ya mkononi iliyorekebishwa vizuri ina thamani sawa na mtutu.

Hatua ya mwisho ilikuwa kupiga bila majaribio. Cambrai, tarehe 20 Novemba 1917, mizinga 1,000 ya Uingereza ilikaa kimya hadi saa ya mashambulizi. Kila mtutu ulikuwa umepimwa kasi yake, kila nafasi imepimwa na wapima ardhi, hali ya hewa imehesabiwa. Betri za Wajerumani zilijulikana zilipo kwa njia ya vipaza sauti (maikrofoni) vilivyotandazwa nyuma ya mstari, mbinu iliyoendelezwa na mwanafizikia Lawrence Bragg pamoja na William Tucker: mlio wa mzinga hufikia kila kipaza sauti kwa muda tofauti, na tofauti hizo hutoa mahali mzinga ulipo. Moto ulipoanza, ulianza ukiwa sahihi. Upande wa Wajerumani, Kanali Georg Bruchmüller alikuwa akitumia mantiki hiyohiyo Riga mwaka huo, na tarehe 21 Machi 1918 takriban mizinga 6,600 ilipiga kwa saa tano tu, si siku saba, na kulivunja jeshi lililokuwa mbele yake.

Rufiji, na mizinga iliyobebwa

Afrika Mashariki ina mfano wake wa kupiga usichokiona, na ni wa mapema. Manowari ya Kijerumani Königsberg ilikuwa imejificha ndani ya delta ya Rufiji tangu mwishoni mwa 1914, nyuma ya mikoko, mahali meli kubwa za Uingereza hazikuweza kuingia. Waingereza walileta meli mbili za kina kifupi, Severn na Mersey, kila moja ikiwa na mizinga miwili ya inchi 6, na ndege kutoka kisiwa cha Mafia ili ziwe macho yao.

Tarehe 6 Julai 1915 zilirusha zaidi ya makombora 600 na kuipata Königsberg mara chache tu. Meli zote mbili zilikuwa zikipiga kwa pamoja, na mtu aliye ndegeni hakuweza kujua kombora lililoanguka ni la nani. Alipotuma marekebisho, meli isiyohusika nayo ilirekebisha. Tarehe 11 Julai zilipiga kwa zamu. Ndege ya rubani Cull na mwangalizi wake Arnold ilipigwa, ikaanza kushuka, na Arnold akaendelea kutuma marekebisho mpaka ilipotua majini. Makombora yalishaanza kuangukia sitaha. Siku hiyo Königsberg ilizamishwa na mabaharia wake wenyewe. Mizinga ilikuwa ileile na umbali ulikuwa wa aina ileile; kilichobadilika ni utaratibu wa kuripoti.

Wajerumani waliitoa mtoni mizinga 10 ya milimita 105 ya meli hiyo, wakaipeleka Dar es Salaam, na karakana za hapo zikaiundia magari ya magurudumu. Kwa jeshi la Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani Afrika Mashariki, hiyo ilikuwa mizinga mizito kuliko yoyote waliyokuwa nayo. Lakini mzinga wa meli haukuundwa kuvutwa porini. Mbung'o waliua ng'ombe na farasi, reli ilipita sehemu chache, na kilichobaki kilikuwa mabega ya watu. Mzinga mmoja ulihitaji mamia ya wapagazi wa kuukokota kwa kamba, na wengine wa kubeba makombora na chakula cha hao wanaokokota. Wapagazi hao walikamatwa vijijini wakati wa kulima, wengi walikufa kwa kuhara na uchovu, na majina yao hayakuandikwa mahali popote. Hesabu ya mizinga ya kampeni ile isiyowataja haijakamilika.

Mzinga mmoja ulilipuliwa na kuachwa Kahe mwezi Machi 1916 kwa sababu haukuweza kuondolewa kwa wakati, na mingine ikafuata njia hiyo. Meli ya Marie, iliyopenya kizuizi na kufika ghuba ya Sudi mwezi huohuo, ilileta hawitza nne na mizinga miwili ya milimani, na shehena hiyo nayo ikasafirishwa kwa vichwa na mabega. Lettow-Vorbeck alipovuka Ruvuma Novemba 1917, hakuwa na hata mmoja wa ile ya Königsberg. Mmoja umesimama hadi leo Ngome ya Yesu, Mombasa.

Redio, na sauti ya Saba Saba

Vita vya Pili vya Dunia viliongeza redio, na redio iliondoa ukiritimba wa betri moja kwa mwangalizi mmoja. Katika mfumo wa Waingereza uliosukumwa na ofisa wa mizinga Jack Parham, mwangalizi mmoja mwenye cheo cha kapteni aliweza kuita mizinga 24 ya kikosi, na kukiwa na haja, 72 ya divisheni nzima, ikapiga sehemu moja ndani ya dakika chache. Wamarekani walijenga vituo vya hesabu kwa msingi huohuo kwenye shule yao ya mizinga ya Fort Sill, na wakakokotoa muda wa kufyatua ili makombora ya betri zilizo mbali tofauti yaanguke sekunde ileile. Wasovieti hawakuwa na redio za kutosha, hivyo walikusanya mizinga kwa maelfu na kupiga kwa ratiba iliyoandikwa mapema. Ilifanya kazi kwa mashambulizi yaliyopangwa. Ilisumbua pale mambo yalipobadilika. Waafrika Mashariki nao walikuwepo: vikosi vya mizinga vilivyoandikishwa huku vilikwenda na Divisheni ya 11 hadi bonde la Kabaw, Burma, mwaka 1944, ambako matope ya masika yalikuwa adui sawa na Wajapani.

Ni Wasovieti pia walioleta roketi nyingi juu ya lori, zilizotumika mara ya kwanza Orsha mwezi Julai 1941. Mrithi wake, BM-21, ana mirija 40 ya milimita 122 na huimaliza yote ndani ya sekunde 20, hadi umbali wa karibu kilomita 20. Roketi moja ina uzito wa kilo 66 hivi, kwa hiyo sekunde hizo 20 hula zaidi ya tani 2.6, na kuijaza tena kwa mikono huchukua takriban dakika 10. Ni silaha ya eneo. Hutawanya, na haifai kupiga nyumba moja.

Tanzania iliitumia katika vita vya Kagera, na Waganda waliijua kwa jina la Saba Saba. Masaka ilipigwa kwa mizinga kabla ya kutwaliwa tarehe 24 Februari 1979, na kutoka miinuko ya Mpigi mizinga ilipiga Entebbe kabla ya uwanja wa ndege kutekwa tarehe 7 Aprili. Lakini Lukaya, tarehe 10 Machi, roketi zilikuwa upande wa pili. Walibya waliokuja kumsaidia Idi Amin walizirusha, na zikawapita Watanzania zikaangukia nyuma. Hata hivyo Brigedi ya 201, iliyojaa askari wasio na uzoefu, ilivunjika na wengi wakakimbia kwa mshindo peke yake. Ilibidi Brigedi ya 208 izunguke usiku na kuingia barabara ya Kampala nyuma ya Walibya ili hali irekebishwe kesho yake. Roketi ambazo hazikumpata mtu zilimwondoa mtu kwenye nafasi yake, na askari asiyewahi kuelezwa sauti ile ni ya nini hana namna ya kujua kwamba zimempita.

Leo, dakika chache

Rada za kisasa hulifuata kombora likiwa hewani, huchora mkunjo wake kurudi nyuma, na kutoa mahali lilipofyatuliwa kabla halijaanguka. Droni ndogo hufanya kazi ya Arnold kwa gharama ndogo, na hukaa juu ya shabaha muda mrefu. Kwa sababu hiyo betri iliyovutwa na lori iko hatarini tangu kombora la kwanza: lazima ipige idadi iliyopangwa, ikunje miguu, na iondoke ndani ya dakika chache. Kikosi kinachohitaji robo saa kufunga vifaa hakina tofauti na mizinga ya Colenso.

Na mzigo haujapungua. Betri ya D-30 sita ikipiga makombora 20 kwa kila mzinga imetumia makombora 120, zaidi ya tani 2.6 za chuma na kilipuzi bila kuhesabu maganda, baruti na masanduku, na kwa kasi ya makombora sita kwa dakika kazi hiyo haifiki dakika nne. Katika vita vya Ukraine tangu 2022, pande zote mbili zilipunguza kupiga kila maghala yalipopungua, hata pale shabaha zilipoonekana wazi kwenye skrini za droni.